Pigo la Tatu

Wajukuu zangu, mlima huu wa Lukenya mnaujua kwa mambo ya mchana. Mnayajua majabali yake ambayo watu wa Nairobi huja kuyapanda kwa kamba mwisho wa juma. Mnawajua swala na punda milia wanaochungulia kwenye seng'enge, na mabango ya ploti za hamsini kwa mia yaliyojipanga kando ya barabara ya Mombasa tangu Athi River. Leo nataka niwasimulie mambo ya usiku. Nitaanza na jambo ambalo huenda hata walimu wenu hawajawaambia: kwa zaidi ya miaka 30, mtu akiuawa hapa Lukenya, sheria iliyoamua kama aliyemuua ni muuaji au ni mtu aliyejitetea tu ilikuwa sheria ya India.

Msicheke. Mwaka 1897 Waingereza walitangaza kwamba nchi hii, ambayo wakati huo waliiita Himaya ya Afrika Mashariki, itafuata sheria za India. Walikuwa wanajenga reli kwa vibarua kutoka India, wanalipa mishahara kwa rupia za India, na makarani wao wengi walitoka huko huko. Wakaona hakuna haja ya kutunga sheria upya ilhali kitabu kipo tayari kabatini. Kikaletwa kitabu hicho, Kanuni ya Adhabu ya India, kikaanza kazi Mombasa, Machakos na kwingineko. Zanzibar nako kilitawala, na Uganda, na Tanganyika baada ya Mjerumani kuondoka. Kenya ilikiweka kando mwaka 1930 ilipopata kanuni yake yenyewe.

Aliyeongoza uandishi wa kitabu hicho aliitwa Thomas Macaulay, Mwingereza aliyetumwa India. Yeye na wenzake walimaliza rasimu mwaka 1837. Ikakaa mavumbini zaidi ya miaka 20, ikapitishwa mwaka 1860, ikaanza kutumika mwaka 1862. Macaulay alikuwa mwanahistoria na mtu wa fasihi, na jambo hilo linaonekana katika kazi yake. Aliona kwamba ukimpa hakimu kanuni kavu atapotea, basi chini ya vifungu vingi akaweka visa vifupi vifupi. Wahusika wa visa hivyo hawana majina, wana herufi. Huyu ni A, yule ni Z. Mimi nimesimulia hadithi maisha yangu yote, na nakwambieni sijaona kitabu kingine cha sheria kinachojua kusimulia namna hiyo.

Sikilizeni kisa kimoja. Z amepatwa na wazimu, anamshambulia A ili amuue. Z hana kosa, maana hajui atendalo. Je, A akae tu akatwe? La. A ana haki ya kujitetea sawasawa na vile angekuwa nayo kama Z angekuwa na akili timamu. Panga la mwendawazimu hukata kama panga la mwenye akili.

Kisa cha pili. A anaingia usiku katika nyumba ambayo ana haki ya kuingia. Z yumo ndani, anadhani kwa moyo safi kwamba huyu ni mvunja nyumba, anamrukia. Z hana kosa. Lakini A naye anaweza kumzuia Z, na A pia hana kosa! Watu wawili wanapigana gizani, wote wawili wana haki. Mkiwaza kidogo mtaona kwamba kisa hiki kinatokea kwetu hapa kila wiki: mtu amerudi nyumbani saa saba usiku, ameruka ukuta kwa sababu funguo zimepotea, na shemeji yake aliyelala sebuleni anaamka na rungu.

Sasa kanuni yenyewe. Kitabu kile kilisema kila mtu ana haki ya kuukinga mwili wake na mwili wa mwenzake, na kukinga mali yake na ya mwenzake. Ukitishiwa kifo au jeraha kubwa, mtu akitaka kukubaka au kukuteka nyara, unaweza kujikinga hata kama kinga hiyo itamuua mshambulizi. Haki hiyo huzaliwa pale hatari inapoonekana kwa sababu ya maana, hata kama pigo la kwanza halijatua. Nayo hufa pale hatari inapokufa. Na huwezi kumdhuru mshambulizi zaidi ya inavyohitajika kujikinga. Kama una nafasi ya kukimbilia serikali ikusaidie, huna haki ya kufanya kazi ya serikali kwa mikono yako.

Upande wa mali sheria ilibana zaidi, na hapa naomba masikio yote mawili. Jambazi anayepora kwa nguvu, mtu anayevunja nyumba usiku, mtu anayechoma nyumba wanamoishi watu: hao unaweza kuwazuia hata ikifikia kifo. Lakini mwizi mtupu, yule anayechukua kitu na kukimbia bila kumtishia mtu maisha, unaweza kumfukuza, kumkamata, kumuumiza ikibidi ili urudishiwe kitu chako. Kumuua, hapana. Kondoo hata awe wa mbegu ya Ulaya hafikii thamani ya mtu. Hivyo ndivyo sheria ilivyosema tangu mwaka 1862, wala si maneno ya wanaharakati wa juzi.

Basi likabaki swali ambalo ndilo lililonikalisha hapa. Mtu ameanza vizuri. Ameshambuliwa kweli, ana haki kweli, ameinua mkono kujikinga. Halafu akapita mpaka. Alihitaji kupiga mkono, akapiga kichwa. Tumwite nani? Shujaa? Muuaji? Macaulay na waliomfuata walisema mtu huyo asimame katikati. Katika kifungu cha 300, kinachoeleza maana ya kuua kwa kukusudia, kuna orodha fupi ya hali zinazoliondoa jina hilo, na hali ya pili ndiyo hii: mtu aliyetumia haki ya kujitetea kwa nia njema, akazidisha uwezo aliopewa na sheria, akaua bila kupanga na bila nia ya kudhuru kuliko alivyoona ni lazima. Huyo ana hatia, ila si ile kubwa. Hanyongwi. Anafungwa.

Na kisa chake ni hiki. Z anataka kumcharaza A kwa mjeledi wa farasi, si kwa namna ya kumpa jeraha kubwa. A anachomoa bastola. Z haachi. A anaamini kwa moyo safi kwamba hana njia nyingine ya kukwepa mijeledi, anafyatua, Z anakufa. Kuua kwa kukusudia? Hapana. Ameachiliwa? Hapana pia. Mjeledi unauma na unadhalilisha, lakini hauui, na risasi haina nusu.

Wakati kitabu hicho kilipotumika huku kwetu, aliyeshika kiboko na aliyeshika bastola alikuwa mtu mmoja. Mwaka 1907 setla Ewart Grogan aliwacharaza viboko wanaume Wakikuyu mbele ya jengo la mahakama ya Nairobi, mchana kweupe, watu wakitazama. Akafungwa muda mfupi. Mwafrika aliyekuwa na nafasi ya kujaribu kisa cha Z na A kwa vitendo hakuwepo. Kitabu kilikuwa kizuri, mizani ilikuwa imewekwa upande mmoja.

Mnataka mfano? Twendeni Bonde la Ufa, kando ya Ziwa Elmenteita. Mwaka 1911 alikuwepo setla aliyeitwa Galbraith Cole, mfugaji wa kondoo, ndugu wa Lady Delamere, mke wa setla mkubwa kuliko wote. Kondoo wake walikuwa wakiibwa. Siku moja akampiga risasi Mwafrika katika mkasa wa kondoo aliyeibwa, mtu yule akafa. Chukueni kile kitabu cha India mpime wenyewe. Je, mwizi wa kondoo alikuwa jambazi wa kutishia maisha? Je, alikuwa anavunja nyumba usiku? Huu ulikuwa wizi mtupu, na kwa wizi mtupu haki ya kukinga mali haifiki kwenye kifo. Kama Cole angeweza kusema alikuwa na haki kisha akaizidisha, nafasi ile ya katikati ilikuwa pale inamngoja, ingawa hata hapo angepaswa kuonyesha kwamba hakutaka kudhuru zaidi ya lazima.

Juri la Wazungu watupu lilimwachilia huru. Si mauaji makubwa, si madogo, hakuna kitu. Serikali ya London ikaona aibu. Kwa kuwa haikuweza kumhukumu mtu aliyeachiliwa na juri, ilimfukuza nchini mwaka huo huo, na masetla wakapiga kelele kwamba ameonewa! Vita Kuu ilipoanza mwaka 1914 akaruhusiwa kurudi. Karen Blixen, mwandishi Mdenmarki aliyekuwa na shamba la kahawa karibu na Ngong, alimsimulia Cole katika kitabu chake kwa namna ya kumvutia msomaji upande wake. Mkikisoma mkiwa wakubwa, jiulizeni kwa nini setla ana jina na aliyekufa hana.

Familia hiyo haijaisha na ziwa hilo halijahama. Kitukuu wa yule Lady Delamere aliitwa Thomas Cholmondeley, mrithi wa shamba la Soysambu, kando ya Elmenteita hiyo hiyo. Aprili 2005 alimpiga risasi Samson ole Sisina, afisa wa Shirika la Wanyamapori, aliyekuwa amefika shambani na wenzake bila sare kuchunguza biashara haramu ya nyama ya pori. Cholmondeley alisema aliwadhania majambazi. Mnakikumbuka kisa cha A aliyeingia nyumbani usiku? Sheria ya India ilikubali kosa la macho likiwa la moyo safi, na sheria ya Kenya ya leo nayo inakubali. Lakini moyo safi huulizwa maswali mahakamani, shahidi baada ya shahidi. Mwanasheria Mkuu aliondoa kesi hiyo Mei 2005 kabla maswali hayajaulizwa, na Wamaasai wakaandamana.

Mei 2006, mwaka mmoja tu baadaye, shamba lile lile, risasi ya mtu yule yule. Robert Njoya, fundi wa mawe, alikuwa na wenzake na mbwa wao wakiwinda. Njoya akafa. Cholmondeley alisema alikuwa anawalenga mbwa. Safari hii kesi ilisikizwa, na Mei 2009 Jaji Muga Apondi akaamua kwamba nia ya kuua haikuthibitishwa, hivyo hatia ni ya kuua bila kukusudia. Akampa miezi minane juu ya miaka kama mitatu aliyokuwa amekaa rumande katika gereza la Kamiti. Wengi walikasirika, na mimi naona hasira yao ilikuwa na mantiki, kwa kuwa walikuwa wanahesabu wafu wawili wakati mahakama ilikuwa inahesabu mmoja. Hata hivyo msichanganye mambo. Jaji hakusema kwamba Cholmondeley alijitetea akazidisha. Alifika kwenye jina lile lile, kuua bila kukusudia, kwa njia nyingine. Nyumba hiyo ina milango miwili: wa nia isiyokuwepo, na wa kinga iliyopita kiasi. Leo tunaangalia mlango wa pili.

Nasikia mmoja anauliza: Babu, na sisi Wakamba? Mbona hadithi ni ya Wazungu na kondoo wao?

Haya. Ukambani wa zamani, mtu aliyeonekana kuwa hatari kwa wote, mwizi sugu au mchawi, angeweza kuuawa na jamii nzima kwa utaratibu ulioitwa king'ole. Haikuwa fujo. Wazee walikaa, wakajadili, na ndugu za mtu huyo wakashirikishwa ili pasiwe na kisasi. Kwa waliofanya hivyo, hiyo ilikuwa kinga ya kijiji. Mwaka 1932, kanuni mpya ya Kenya ikiwa na miaka miwili tu, mahakama ilipata kesi ya wanaume 70 Wakamba. Mke wa mmoja wao alikuwa ameugua, akapoteza uwezo wa kusema, na mwanamke aitwaye Mwaiki akashukiwa kumroga. Wakamchukua ili amwondolee mgonjwa uchawi, mwisho wakampiga kwa fimbo hadi akafa. Mahakamani hawakuficha. Walisema kwa kauli moja kwamba wamefanya lililopasa.

Wanaume 60 wakahukumiwa kifo. Wale vijana wadogo zaidi wakaepuka hukumu hiyo kwa umri wao. Habari ikafika hadi magazeti ya ng'ambo, na mwishowe waliohukumiwa hawakunyongwa, adhabu zikapunguzwa. Wajukuu, sitaki mwaone wale wanaume kama wajinga. Waliamini kabisa kwamba wako hatarini. Lakini sheria ya kujitetea haiulizi tu kama unaogopa. Inauliza unachokiogopa kiko wapi sasa hivi. Mama yule alikuwa mikononi mwao, mmoja kati ya makumi. Hakuwa na panga wala mshale. Hofu ya jana na hofu ya kesho hazitoi haki ya kuua leo.

Na hilo linatuleta kwenye kitu ambacho kizazi chenu mnakiona kwenye simu kila mara. Mtu anapiga kelele "Mwizi!", umati unakusanyika, mawe, tairi. Wengine husema wanalinda mali. Aliye chini, mikono kichwani, akizungukwa na watu arobaini, hatishii maisha ya yeyote. Hapo hakuna haki iliyozidishwa, maana haki yenyewe haikuwepo. Kila aliyerusha jiwe anaweza kushtakiwa kwa kuua kwa kukusudia, pamoja na yule aliyesema alirusha dogo.

Leo hapa Lukenya, mtu akiua akijitetea, hakimu hafungui tena kitabu cha India. Anafungua Kanuni ya Adhabu ya Kenya, kifungu cha 17, na hapo kuna jambo la kushangaza kwa nchi iliyo huru tangu mwaka 1963: kifungu hicho kinasema suala la kutumia nguvu kujikinga au kukinga mali litaamuliwa kwa misingi ya sheria ya kimila ya Uingereza. Hakuna visa vya A na Z. Ni kama mwenye duka kukuambia bei utaulizia kwa jirani.

Na huyo jirani ana msimamo mkali. Mwaka 1971 majaji wa Baraza la Faragha huko London, katika rufaa ya Palmer iliyotoka Jamaica, walisema ama umejitetea kwa kiasi na uko huru, ama umezidisha na kinga yako imeanguka yote. Nafasi ya katikati hawakuipa. Walilainisha jambo moja tu, na ni jambo la busara: mtu aliyevamiwa hawezi kupima nguvu yake kwa uzani wa sonara, na kama alifanya alichoona kwa uaminifu kuwa ni lazima wakati ule wa hofu, huo ni ushahidi mzito kwamba alifanya kwa kiasi.

Ukali huo ulimpata askari kijana wa Uingereza, Lee Clegg. Mwaka 1990 alikuwa doria Belfast, gari la wizi likapita kizuizi kwa kasi kuelekea kwao. Akafyatua risasi nne. Mahakama ilikubali kwamba tatu za kwanza zilikuwa za kujikinga na kuwakinga wenzake. Ya nne ilipigwa gari likiwa limeshawapita, hatari imekwenda. Kwa risasi hiyo moja alihukumiwa kwa kuua kwa kukusudia, kifungo cha maisha, na mwaka 1995 majaji wa juu kabisa wakasema hata kama wanamhurumia, sheria yao haina ngazi ya katikati na kazi ya kuijenga ni ya Bunge. Baadaye ulipatikana ushahidi mpya, akashtakiwa upya, na mwaka 1999 akaachiliwa kwa shtaka hilo la kuua. Lakini kwa miaka kadhaa tofauti kati ya askari na muuaji ilikuwa nusu sekunde.

Majaji wetu hawakufuata hadi huko. Katika miaka ya 1970 Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, katika kesi ya Mokwa, ilisema kujitetea ni kinga kamili hata kwa shtaka la kuua kwa kukusudia, isipokuwa mshtakiwa ametumia nguvu kupita kiasi. Na nguvu ikipita kiasi, kulingana na hali ya kesi, hatia inaweza kushuka ikawa ya kuua bila kukusudia. Hawakusema itashuka kila mara. Aliyeanza na kinga akamalizia na kisasi anaweza kubaki muuaji tu. Lakini ngazi ya katikati ipo. Kifungu kiliwatuma majaji Uingereza, wao wakarudi na kitu kinachofanana zaidi na kile kitabu cha India ambacho nchi ilikiacha mwaka 1930. Mimi nafurahia ukaidi huo. Tanzania hawakutaka kubahatisha, wakaandika waziwazi katika Kanuni yao ya Adhabu, kifungu cha 18B: atakayesababisha kifo kwa kutumia nguvu iliyozidi akijitetea, ana hatia ya kuua bila kukusudia. Na India yenyewe, iliyofuta kanuni ya Macaulay na kuanza mpya Julai 2024, imeibakisha ile hali ya pili karibu kama ilivyokuwa.

Mnaweza kuuliza, kuna tofauti gani, si jela ni jela? Kubwa. Kwa miongo mingi Kenya hukumu ya kuua kwa kukusudia ilikuwa kifo, jaji hana hiari. Desemba 2017 Mahakama ya Juu, katika kesi ya Francis Muruatetu, ilisema kumlazimisha jaji kutoa kifo bila kumsikiza mtu kuhusu hali yake kunavunja Katiba. Kwa kuua bila kukusudia, sheria inaruhusu hadi kifungo cha maisha lakini jaji anaweza kushuka sana, hata akatoa kifungo cha nje, akiona mtu aliponyoka kidogo tu kwenye mpaka. Na jambo jingine la kuwekwa akilini: mshtakiwa wa Kenya akishasema alijitetea na kukawa na ushahidi wa kuonyesha hivyo, hana mzigo wa kuthibitisha. Ni upande wa mashtaka unaopaswa kuondoa shaka.

Sasa nawapa kisa changu, cha kutunga, msiende kukitafuta magazetini. Nakiweka kwa mtindo wa Macaulay ila bila herufi.

Saa nane usiku, ploti moja hapa chini ya mlima. Kuna nyumba inajengwa, na soja analinda nondo, mabati na mifuko ya simiti. Taa hakuna, kurunzi yake betri zimeisha nguvu. Mbwa anabweka. Soja anazunguka nyuma ya rundo la kokoto, anakutana uso kwa uso na mtu aliyeinua nondo juu. Anapiga rungu. Pigo la kwanza linampata mkononi, nondo inaanguka. Mtu yule hakimbii, anamrukia soja, anamkaba shingo. Soja anapiga pigo la pili, linampata goti. Mtu anaanguka chini. Amelala ubavu, anagumia, na mkono wake mmoja unapapasa udongo gizani. Soja anapiga pigo la tatu, kichwani. Asubuhi polisi wanapima: nondo iko hatua mbili kutoka mkono wa maiti.

Pigo la kwanza, nadhani hakuna wa kubishana nami. La pili pia, mtu anayekaba shingo anaweza kuua kwa dakika chache. La tatu ndilo mtakalolala nalo. Mmoja wenu atasema soja aende nyumbani, kwa sababu gizani hatua mbili ni karibu mno. Mwingine atasema anyongwe, kwa sababu mtu mwenye goti lililovunjika hatishi. Wa tatu atataka ngazi ya katikati. Kabla hamjaamua, jaji angetaka kujua mengine. Soja alimwona au alimsikia tu? Mtu huyo alikuwa na wenzake nyuma ya ukuta? Soja alikuwa na nafasi ya kurudi nyuma na kupiga simu, au mgongo wake ulikuwa kwenye rundo la kokoto? Baada ya la tatu aliacha, au lilikuwepo la nne? Na kama jirani aliyeamka kwa kelele atasema alimsikia soja akitamka, kabla ya pigo hilo, "Leo utanitambua", basi maneno hayo mawili yanaweza kumvusha kutoka kinga hadi kisasi bila rungu kubadilika uzito.

Basi anzeni kubishana. Wewe uliyekuwa unacheka mwanzoni, sema wa kwanza: mkono ule ulikuwa unatafuta nini?